Kutoka Nyonga Hadi Goti

Mfupa ukivunjika huunga. Hata ukiachwa bila kufungwa, hata vipande vikikaa upande, mwili hukusanya damu mahali pale, hutengeneza mfupa mchanga, huukaza, na baada ya miezi kadhaa mtu husimama tena, pengine kwa kuchechemea, lakini husimama. Gegedu halikujaliwa hivyo. Lile tabaka jeupe linaloteleza kwenye vichwa vya mifupa, ambalo kila aliyekula kuku amelitafuna bila kulifikiria, halina hata mshipa mmoja wa damu. Halina neva. Chembe hai zake ni chache mno, hazifiki asilimia 5 ya ujazo wake, na kila moja imejifungia peke yake. Chakula chake hutoka kwenye ute wa kiungo, unaoingia na kutoka kadiri mtu anavyokunja na kukunjua mguu. Sehemu nyingi za goti unene wake ni milimita 2 hadi 4 tu. Hizo milimita ndizo zinazombeba mtu mzima na mzigo wake tangu anapoanza kutembea hadi anapozikwa.

Mwaka 1743 daktari Mskoti William Hunter, aliyekuwa London, aliandika katika jarida la Royal Society kwamba gegedu likishaharibika halirudi. Imepita karibu miaka 300 na hukumu ile haijafutwa. Imepunguzwa makali tu, na walioipunguza ni watu wenye patasi, nyundo ndogo na subira nyingi. Nataka kuwasifu watu hao, na hasa wale wanaofanya kazi hiyo Butembo na Beni, miji ya Kivu ya Kaskazini, mashariki mwa Kongo, mahali ambapo goti lina mashaka mengi na mpasuaji ana vifaa vichache.

Anayeijua Butembo anajua kwamba mji ule ni vilima. Hakuna anayekwenda sokoni, kanisani au shuleni bila kupanda na kushuka. Kushuka ndiko kunakoliumiza goti zaidi, kwa maana kila hatua ya kuteremka hulitwisha mzigo unaozidi uzito wa mwili mara 3. Sasa ongeza kikapu cha mama Mnande anayetoka shambani, kimejaa mihogo au viazi, kimening'inia mgongoni kwa mshipi uliopita kwenye paji la uso. Ongeza chukudu, ile skuta ya mbao ya kubebea mizigo, lililopakiwa magunia ya makaa, na kijana anayelishikilia kwa mikono na magoti yake lisimtoroke mteremkoni. Halafu zipo pikipiki. Kuanzia Lubero hadi Butembo, kuanzia Butembo hadi Beni, kilomita 50 na kitu za barabara ya kitaifa namba 2, na ndani ya kila mtaa, pikipiki ndiyo teksi, ndiyo lori dogo, ndiyo gari la wagonjwa. Mvua ikinyesha udongo unakuwa utelezi. Dereva akihisi pikipiki inalala, anatoa mguu kuizuia. Uzito wa chombo, abiria wawili na mizigo unalipiga goti kwa ubavuni, na katika nukta hiyo fupa la paja linaingia ndani ya kichwa cha muundi.

Fupa la paja kwa chini ni gumu. Sehemu ya juu ya muundi, hasa upande wa nje, ni laini zaidi: chini ya ganda jembamba kuna mfupa wenye vitundu vitundu uliojaa uboho. Kichwa cha paja kikigandamiza pale, ganda halipasuki tu, linadidimia. Kipande cha uso wa goti, na gegedu lake juu yake, kinazama milimita 5, 10, au zaidi. Kwa nje ngozi inaweza kuwa nzima. Goti limevimba, limejaa damu, na mtu anajipa moyo kwamba amestuka tu. Mwaka 1979 Joseph Schatzker wa Toronto alizipanga aina hizi za mivunjiko katika mafungu 6, na mpaka leo wapasuaji hutajiana namba zake. Mgonjwa hahitaji namba. Anahitaji kujua kwamba gegedu lake bado lipo, limeshuka na mfupa uliokuwa ukilishikilia, na kwamba anaweza kupatikana mtu wa kulirudisha juu kabla ya kuchelewa.

Hapa ndipo ufundi ninaousifu unapoanza. Kwa kuwa gegedu halijitibu, mpasuaji mwenye akili halihangaikii moja kwa moja. Anakwenda chini yake. Analipa mfupa.

Mgonjwa amechomwa sindano ya ganzi mgongoni, kwa hiyo yu macho, pengine anasali kwa sauti ndogo. Paja limefungwa mkanda wa kuzuia damu, na saa imeanza kuhesabiwa, kwa sababu mkanda ule haupaswi kuzidi saa 2 hivi. Mpasuaji anafungua ubavuni mwa goti. Anaikuta meniski, ile pete ya ndani yenye umbo la mwezi mchanga, na haikati: anaiachanisha ukingoni, anaitia uzi na kuiinua, apate kuona uso wa muundi. Waliosomea zamani walifundishwa kuitoa meniski na kuitupa. Leo kuitunza ni nusu ya heshima ya kazi. Sasa anaona shimo. Gegedu jeupe limekaa chini, limeinama, na kando yake ukingo umesimama mahali pake pa zamani ukionyesha ni kiasi gani limeshuka.

Asingeliinua kwa kulibandua toka juu, maana angelivunja vipande. Anatoboa dirisha dogo kwenye muundi, sentimita chache chini ya shimo, na kupitia hapo anaingiza kisukumio cha chuma. Anagonga polepole. Anasukuma kipande kizima pamoja na mfupa wenye vitundu uliogandamizwa chini yake, ili gegedu lipande likiwa limekalia kitu. Anagonga, anatazama, anapitisha kidole. Mahali penye mashine ya eksirei ya chumba cha upasuaji, picha humwambia amefika wapi. Mahali isipokuwepo, au ilipoharibika na fundi wake yuko Kampala au Kinshasa, kidole ndicho kinachosema. Kidole cha mpasuaji mzoefu hutambua tofauti ya milimita 1 kati ya ukingo na kipande, na wengi wao hukiinua kipande juu kidogo kuliko usawa, kwa sababu wanajua kwamba kitatulia kidogo siku zinazokuja.

Kipande kimepanda, lakini chini yake sasa pana pango. Mfupa uliokuwa pale umesagika. Ukiliacha pango wazi, siku mgonjwa atakapokanyaga, uso wote utazama tena. Ndipo mpasuaji anahamia nyonga.

Mwili wa binadamu una ghala la mfupa, na liko pale ambapo mkanda wa suruali hukaa: ukingo wa juu wa mfupa wa nyonga. Pale pana mfupa mwingi wenye vitundu na uboho, na mtu akipunguziwa kiasi hatembei vibaya. Mpasuaji anaanza chale yake nyuma kidogo ya ncha ya mbele, sentimita 2 au 3, kwa kuwa karibu na ncha ile hupita neva ya ngozi ya paja na akiikata mgonjwa atabaki na ganzi au muwasho wa kudumu. Anafungua ganda la mfupa kwa patasi, analiinua, na kuchota ndani kwa kijiko chenye makali. Vinavyotoka ni vipunje vyekundu, laini, vyenye damu. Haviachwi vikauke wala haviwekwi karibu na taa yenye joto. Vinafungwa katika shashi iliyoloweshwa damu ya mgonjwa mwenyewe au maji ya chumvi, na vinatumiwa mapema. Kisha vinarudishwa gotini, vinapitishwa dirishani, vinashindiliwa kidogo kidogo mpaka pango limejaa na kipande kilichoinuliwa hakitikisiki. Bamba la chuma na skrubu hufungwa ubavuni kushikilia kazi. Meniski inashonwa mahali pake. Mkanda unafunguliwa, damu inarudi, na muuguzi anashika unyayo kuona kama vidole vimepata joto.

Nimeieleza kwa kirefu kwa sababu kazi hii hupita bila kusifiwa. Hakuna anayeiona. Anayebadilishiwa moyo huandikwa magazetini. Anayeinuliwa milimita 8 za goti hurudi Vulamba au Kimemi kwa magongo, na baada ya mwaka mmoja hakuna jirani anayekumbuka kwamba aliumia. Hakuna ushahidi mkubwa zaidi wa kazi nzuri kuliko huko kusahaulika.

Mambo yanayotokea ndani ya vile vipunje baada ya ngozi kufungwa yalichukua vizazi kueleweka. Chembe nyingi za mfupa uliohamishwa hufa. Zinazopona ni chache, za juu juu, zilizo karibu na damu. Lakini mfupa ule mfu haukai bure: mishipa mipya inapenya ndani yake, baadhi ya chembe zinaula, nyingine zinajenga nyuma yake, mpaka siku moja hakuna cha kale kilichobaki na pango lote ni mfupa wa muundi. Mmarekani Dallas Phemister alilieleza jambo hili mwaka 1914. Kabla yake watu walipandikiza kwa kubahatisha. Mholanzi Job van Meekeren, katika kitabu kilichochapishwa mwaka 1668, alisimulia habari za mtu wa Urusi aliyewekewa kipande cha fuvu la mbwa kuziba pengo la kichwa chake. Mtu akapona, kanisa likamtenga kwa kuwa na mfupa wa mnyama, na alipoomba utolewe ikaonekana umeshaungana naye. Glasgow, karibu mwaka 1880, William Macewen alimtengenezea mtoto wa miaka 4 mfupa wa mkono uliooza kwa usaha, akitumia vipande vya mifupa ya watoto wengine waliokuwa wakinyooshwa miguu. Mkono ule uliunga na ukaendelea kukua.

Ila ninayempenda zaidi katika historia hiyo ni Fred Albee, Mmarekani aliyezaliwa shambani katika jimbo la Maine. Kwa babu yake alijifunza kupandikiza miti ya matunda: kukata kikonyo kwa ulalo, kukilinganisha tabaka kwa tabaka na shina, kukibana kisicheze mpaka utomvu upite. Alipokuwa mpasuaji aliyachukua hayo yote na kuyapeleka kwenye mifupa, akatengeneza misumeno ya kuchonga vipande vinavyokaana barabara, na katika Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia akawatibu askari wengi. Mkulima yeyote wa Lubero aliyewahi kupandikiza parachichi angemwelewa Albee upesi. Kikonyo hakishiki kwenye shina bovu, hakishiki kikicheza, hakishiki tabaka zisipogusana. Mfupa nao ni hivyo hivyo: damu safi, utulivu, mgusano. Ukikosa kimoja, vipunje vya nyonga vitayeyuka bure na mgonjwa atakuwa na vidonda viwili badala ya kimoja.

Haki inanitaka niseme kwamba kwingineko wamekwenda mbali zaidi, na gegedu lenyewe sasa hupandikizwa. Erich Lexer, huko Ujerumani, alithubutu mwaka 1908 kueleza jinsi alivyohamisha kiungo kizima cha goti kutoka miguu ya watu wengine. Huko Toronto Allan Gross na wenzake walijenga mazoea ya kupandikiza mfupa na gegedu bichi la watu waliofariki. László Hangody wa Budapest alianza mwaka 1992 kuchimba vijiti vidogo vya mfupa na gegedu kutoka ukingo wa goti usiobeba uzito mwingi, na kuvipachika pale palipochimbika. Na mwaka 1994 Wasweden Mats Brittberg na Lars Peterson wa Gothenburg walitangaza habari za wagonjwa 23 waliotolewa chembe za gegedu, zikaoteshwa maabara, kisha zikarudishwa gotini mwao. Njia ya Gothenburg inahitaji maabara safi, upasuaji mara 2 na fedha ambazo familia ya Butembo hata ikiuza shamba haifiki. Njia ya Budapest, kwa maoni yangu, iko karibu nasi zaidi. Vifaa vyake ni patasi za duara zenye upana wa milimita chache, mkono ulionyooka na jicho. Haihitaji maabara, na kinachohamishwa ni mali ya mgonjwa. Ningependa kuona vijana wa kitivo cha tiba cha Chuo Kikuu cha Graben wakifundishwa hiyo, kwanza kwenye magoti ya ng'ombe toka machinjioni, mpaka vijiti vikae sawasawa.

Beni ina goti la aina nyingine. Tangu Oktoba 2014, mauaji ya raia yalipoanza kuizunguka, wapasuaji wa pale wamepokea majeraha ya panga na risasi kwa miaka mfululizo. Katika hospitali kuu ya rufaa ya Beni madaktari wenyeji wamefanya kazi pamoja na wapasuaji wa Msalaba Mwekundu wa Kimataifa, watu wa CICR kama tunavyowaita. Risasi ikipita karibu na goti haididimizi uso. Inaondoa mfupa kabisa na kuacha uchafu, vipande vya nguo, nyama iliyokufa. Pale mkono mwepesi wa kuweka bamba na mfupa mpya ni mkono wa hatari. Sheria ya upasuaji wa vita ni ya kale na haina huruma kwa wenye haraka: safisha, kata kilichokufa, acha kidonda wazi, rudi baada ya siku 5 hivi. Mguu unashikiliwa kwa vyuma vya nje. Na hapo mpasuaji husubiri. Nyonga haiguswi mpaka usaha usiwepo.

Ikiwa pengo ni kubwa, ipo njia aliyoibuni Mfaransa Alain-Charles Masquelet miaka ya 1980. Pengo hujazwa saruji ya tiba, ile inayotumiwa kushikiza viungo bandia. Mwili, ukiona kitu kigeni, hukizungushia utando. Baada ya wiki 6 hadi 8 mpasuaji anarudi, anaupasua utando kwa uangalifu, anaitoa saruji, na ndani ya mfuko ule wenye damu nyingi anaweka vipunje vya nyonga. Utando unavilisha na kuvizuia visipotee. Njia hii ingekuwa imebuniwa kwa ajili ya Kivu, isingekuwa tofauti. Kinachotakiwa ni saruji, uzi, chumba safi na mgonjwa atakayerudi. Hilo la mwisho ndilo gumu. Wiki 8 ni muda mrefu kwa mtu wa Eringeti au Mbau ambaye kijiji chake kinaweza kuwa kimehamishwa atakapotaka kurejea hospitali.

Ufundi huu haukuota wenyewe katika nchi ile. Oicha, kilomita 30 hivi kaskazini mwa Beni, alifika katika miaka ya 1930 daktari Mmarekani Carl Becker, akakaa miongo mitatu akipasua, akitibu ukoma na kufundisha wauguzi wenyeji, na baadaye akawa miongoni mwa walioanzisha kituo cha tiba cha Nyankunde, Ituri. Nyankunde iliposhambuliwa Septemba 2002 na wagonjwa wakauawa vitandani, wahudumu walionusurika walikimbia kwa miguu mwituni, wengine wakiwa na wagonjwa, hadi Oicha na Beni, na huko kazi ikaendelea kwa jina lile lile. Goma, Kasereka Jo Lusi, mpasuaji wa mifupa, pamoja na mkewe Lyn aliyefariki mwaka 2012, walijenga HEAL Africa na kuifanya mahali pa kunolea madaktari vijana, wengi wao wakiwa watoto wa Kivu. Nayataja majina haya kwa sababu mkono wa mpasuaji hurithiwa. Hakuna aliyejifunza kutambua milimita 1 kwa kidole kwa kusoma kitabu. Alisimama upande wa pili wa meza, akashika kivuta nyama saa nyingi, akaambiwa gusa hapa, gusa tena.

Na mikono hiyo imejaribiwa. Tarehe 1 Agosti 2018 Ebola ilitangazwa Mangina, magharibi mwa Beni, na mpaka ilipotangazwa kwisha tarehe 25 Juni 2020 ilikuwa imewaua watu 2,287. Katwa na Butembo zilikuwa kitovu chake miezi ya mwanzo ya 2019. Vituo vya tiba vilichomwa na kushambuliwa. Tarehe 19 Aprili 2019 Richard Mouzoko, daktari wa Kameruni aliyekuwa akifanya kazi na Shirika la Afya Duniani, aliuawa kwa risasi ndani ya hospitali ya Chuo Kikuu cha Graben. Pikipiki hazikuacha kuanguka kwa sababu ya Ebola. Kupasua mfupa ni kazi ya damu, ya vipande vyenye ncha vinavyotoboa glavu. Waliovaa glavu mbili, wakaingia, wakainua uso wa goti la mtu wasiyejua amegusana na nani, wanastahili kutajwa kila mara siku zile zinapokumbukwa.

Baada ya upasuaji kazi huhamia kwa mtu asiyevaa barakoa, mtaalamu wa mazoezi ya viungo, ambaye wengi humwita kine. Mpasuaji ametoa mfupa. Kine analilisha gegedu. Robert Salter wa Toronto alionyesha kwa sungura, katika miaka ya 1970 na 1980, kwamba kiungo kilichojeruhiwa kikifungwa tuli gegedu lake hudhoofika, na kikisogezwa polepole mfululizo hujikarabati vizuri zaidi. Kabla ya hapo mgonjwa alitiwa plasta kutoka kinenani hadi kwenye vidole, akatoka baada ya miezi miwili na goti lililokakamaa. Sasa, siku chache tu baada ya upasuaji, kine anakaa kando ya kitanda. "Mama, leo tunakunja kidogo tu." Mama anakaza uso. Anakunja nyuzi 20, kesho 30. Kwa kawaida analalamikia nyonga kuliko goti, kwani kidonda kile cha kuchotea mfupa huuma kwa muda mrefu, na ni vema wapasuaji wawaambie wagonjwa hilo mapema wasidhani kwamba wameibiwa kitu. Lakini kukanyaga hapana. Wiki 10, pengine 12, mguu hauruhusiwi kubeba uzito, kwa sababu ndani ya pango mfupa wa zamani bado unaliwa na mpya haujakomaa. Mtu anaposhawishika kukanyaga wiki ya 6 kwa kuwa haumwi, ndipo mikono yote ile iliyofanya kazi hushindwa. Butembo yenye vilima, kukaa wiki 12 kwa magongo ni mtihani wa familia nzima: nani atateka maji, nani atafungua duka, nani atampandisha mgonjwa hadi barabarani. Ninawaheshimu wagonjwa wanaoufaulu mtihani huo sawasawa na ninavyowaheshimu wapasuaji.

Yapo pia ya kuwaambia waunga mifupa wa vijijini, na nayasema bila dharau. Wengi wao wanajua kunyoosha muundi uliovunjika katikati na kuufunga kwa vijiti hadi ukaunga, na wamewasaidia watu ambao hospitali ilikuwa siku 2 mbali. Lakini mvunjiko unaoingia ndani ya goti si wao. Hakuna kijiti cha nje kinachoweza kuinua kipande kilichozama ndani, na kukanda kwa maji ya moto au majani huongeza uvimbe. Muunga mifupa mwenye sifa kweli ni yule anayeligusa goti mara moja, anaona limejaa damu, na kusema: hili lipelekeni kwa daktari. Anayesema hivyo ameshiriki katika kuliokoa.

Wenye hospitali nao wana deni. Skrubu na bamba haziwezi kuwa bidhaa za kununuliwa na familia usiku, duka kwa duka, huku mgonjwa amelala. Jimbo, dayosisi, makanisa na wafanyabiashara wa Butembo, ambao wanajua kuleta makontena kutoka Dubai na Guangzhou hadi kwenye vilima vile, wanaweza kuhakikisha kwamba sanduku moja la bamba za goti lipo daima katika kila hospitali inayopasua mifupa. Nawaomba walifanye. Vyama vya waendesha pikipiki vinavyokusanya mchango kila wiki viweke sehemu yake kwa goti la mwanachama atakayeanguka, maana ataanguka.

Nawe msomaji, mtu akianguka mbele yako na goti likavimba ndani ya saa chache, usilikande wala usimlazimishe kusimama ili uone kama anaweza. Funga mguu kwa mbao mbili tangu pajani hadi kisiginoni, hivyo hivyo ulivyo. Gusa vidole vya mguu. Vikiwa baridi au vimepauka, usisubiri asubuhi. Mfikishe kwa mpasuaji wa mifupa siku hiyo, au kesho yake, na umwombe apigwe picha ya goti kwa mbele na kwa ubavu. Wiki 2 za mwanzo kipande kilichozama bado huinuka kwa kisukumio na nyundo nyepesi. Baada ya wiki ya 3 huanza kuunga pale kilipozama, na kukirudisha kunahitaji kuuvunja mguu upya.